Mikoko, Sitara na Haki ya Mwenye Kudhulumiwa

Bismillahi Rahmani Rahim.



Wasomaji wa ukurasa huu huniandikia barua za namna mbili. Wa kwanza husema: Bibi, wewe kila mara watuletea habari za mikoko, za ndege wa pwani na za maji kujaa na kupwa, hayo ni mazuri, walakini sisi wanawake tuna mambo mazito majumbani, mbona huyasemi? Wa pili walianza kuandika baada ya makala yangu juu ya mti wa mchu, ambamo nilitaja kwamba mti ule niliujua kwa kuutazama kutoka dirisha la nyumba niliyokuwa nikipigwa ndani yake. Ilikuwa ni sentensi moja tu. Barua zilizokuja kwa ajili ya sentensi hiyo ni nyingi kuliko zote nilizopata kwa ajili ya miti. Mmoja wao, naye ni mtu mzima mwenye elimu na ameandika kwa adabu, ameniambia kwamba nimeifunua sitara ya nyumba, na kwamba mwanamke wa Kiislamu huistiri siri ya mumewe hata baada ya kuachana.

Napenda kuwajibu wote pamoja, kwani kwangu mimi hayo si mambo mawili.

Niliolewa mwaka 1987, nikiwa na umri wa miaka 19, nikakaa katika ndoa ile miaka 9. Mume sitamtaja jina, wala mji, wala kazi yake. Ana watoto kwa mke mwingine, nao hawana hatia. Nitasema yaliyokuwa tu. Kipigo cha kwanza kilikuja mwezi wa nne baada ya harusi, kwa ajili ya mchuzi uliozidi chumvi. Usiku wake alilia, na kesho yake akaniletea doti ya kanga. Mwanamke aliyepita njia hii azijua kanga hizo. Mimi nilikuwa nazo doti 11. Kila moja ilikuwa na jina lililochapishwa juu yake, na jina jingine nililolijua mimi peke yangu.

Mwaka wa tano alinivunja kifundo cha mkono wa kushoto. Hospitali alikuja nami, na yeye ndiye aliyemweleza tabibu kwamba nimeteleza kisimani, mimi sikuulizwa. Tabibu alinitazama, akautazama mkono, kisha akaandika alivyoona yeye, si alivyoambiwa. Karatasi ile niliikunja nikaitia ndani ya juzuu ya Amma, mahali ambapo mume hakuwa na desturi ya kufungua.

Watu walijua. Nyumba zetu za pwani zimeegemeana, ukipiga chafya jirani hukuombea rehema. Kikao cha wazee kilikaa mara tatu, na mara zote tatu nikaambiwa nisubiri. Tena palikuwa na mama mmoja, Mungu amrehemu, aliyenisomea Utendi wa Mwana Kupona wote kwa moyo ili nijifunze kuishi na mume. Utendi ule ni mali yetu, umetungwa Pate mwaka 1858, na mimi naupenda. Lakini ni wasia wa mama mgonjwa kwa binti yake. Wasia kwa mkwe sijapata kusomewa.

Sasa ndiyo nifike kwenye mikoko.

Nyumba ile ilikuwa ukingoni mwa hori, na dirisha la jikoni likitazama maji. Mtu aliyekaa katika nyumba ya namna ile ataelewa nikisema kwamba jambo baya zaidi halikuwa kipigo chenyewe. Lilikuwa ni kutokuwepo kanuni. Jambo lililochekewa Jumatatu lilipigiwa Jumatano. Ukinyamaza una kiburi, ukisema una mdomo. Masikio yangu yalijifunza kuzijua ndara zake tangu mbali, kama zimekuja kwa kheri au kwa shari, na mara nyingine zilikuja kwa kheri na shari ikaanza baada ya kula. Akili ya binadamu haiwezi kukaa muda mrefu mahali pasipo na kanuni ila huanza kuharibika.

Na nje ya dirisha palikuwa na maji. Maji ya bahari yetu hujaa mara mbili na kupwa mara mbili kwa mchana na usiku, na kila siku huchelewa kiasi cha dakika 50 kuliko jana yake. Mwezi unapoandama, na unapotimia, huja bamvua. Pwani ya Mombasa maji hupanda na kushuka mita 3 na zaidi, yakajaa karibu ya saa 10 alfajiri na saa 10 jioni, na saa 4 mchana hori hubaki matope matupu. Mwezi ukiwa nusu ni maji mafu, hayapandi sana wala hayashuki sana. Hayo wavuvi wote wayajua. Mimi niliyajua kwa sababu niliyahitaji. Lilikuwa ndilo jambo la pekee katika siku yangu nililoweza kulisema kabla halijawa, likawa kama nilivyosema.

Nikaanza kuandika. Tulikuwa na kalenda ya ukutani, ile ya kuchana karatasi moja kila siku, na nyuma ya kila karatasi nikaandika saa za maji, ndege waliotua, na mti gani umedondosha nini. Mdiria wawili. Yangeyange saba juu ya mlilana. Leo mkoko wa kwanza umeangusha miche yake. Maneno machache, kwani karatasi yenyewe ilikuwa kama kiganja. Nilikuwa na karatasi za miaka miwili na zaidi ndani ya kopo la unga, hata siku moja mume akalipata kopo. Alizisoma zote, moja moja, akimtafuta mwanamume ndani yake. Hakuona ila ndege na maji. Nadhani hilo lilimkasirisha zaidi kuliko kama angemwona huyo mwanamume, akazichoma zote penye jiko la mkaa. Kesho yake nikachana karatasi mpya.

Watu huniambia: kumbe mikoko ilikufariji. Sipendi neno hilo sana. Tena sipendi kufanya kama wafanyavyo waandishi wengi, kumfanya mti kuwa mfano wa mwanamke, kwamba mkoko hustahimili chumvi nawe mwanamke stahimili. Mti ni mti. Mwenyezi Mungu ametuambia katika Sura ya Ar-Rahmaan kwamba miti humsujudia Yeye, na katika Sura ya Bani Israil kwamba hakuna kitu ila kinamtukuza kwa kumsifu, ila sisi hatuifahamu tasbihi yake. Basi mti una kazi yake na Mola wake, haukuumbwa ili uwe somo la mke kuvumilia ngumi.

Na kwa kweli anayeitazama mikoko kwa makini haoni kustahimili. Huona kila mti una njia yake ya kuikataa chumvi. Mkoko huizuia nje kwenye mizizi, isiingie. Mchu huiingiza kisha huitoa kwa majani; mchana wa jua kali pita ulimi juu ya jani la mchu, utaonja chumvi kama umelamba ukingo wa ngalawa. Mlilana husimama mbele kabisa unapopigwa na mawimbi, nyuma yake mkoko, kisha msinzi na mkandaa, na mchu huonekana tena kule nyuma ambako maji hufika siku za bamvua tu. Mbegu ya mkoko haianguki ikiwa mbegu. Huchipua ingali mtini kwa mama yake, ikaning'inia kama mkuki mdogo wa kijani, na ikianguka wakati wa maji kupwa huweza kujichoma topeni hapo hapo, na ikianguka maji yamejaa huelea majuma mengi mpaka ipate pwani yake.

Wazee wetu waliijua miti hii kwa unene wake: fito, pau, mazio, boriti, nguzo. Vyumba vya nyumba za mawe za Lamu na Mombasa ni vyembamba na virefu kwa sababu boriti haikuweza kufunika upana zaidi. Majahazi yaliichukua miti hii mpaka Arabuni na Ghuba kwa karne nyingi, hata Serikali ya Kenya ikapiga marufuku kuisafirisha nje mwaka 1982. Baba yangu, Mungu amrehemu, alikuwa mkataji, na marufuku ile ilimuuma mfukoni. Lakini alikuwa akisema kwamba katika maisha yake hakupata kuona shoka likiumaliza msitu. Kinachoumaliza ni tope. Mchu hupumua kwa vimizizi vinavyochomoza kutoka ardhini kama vidole. Ukivifunika, mti hukosa pumzi. Mwaka 1997 na 1998 mvua kubwa za El Niño zilishusha udongo mwingi mno katika hori ya Mwache, karibu na Mombasa, ukaifunika mizizi, na mikoko ikafa kwa maeneo makubwa. Nilikwenda kutazama nikiwa tayari nimeachika. Ilikuwa imesimama vile vile, hakuna aliyeikata.

Nirudi kwenye barua ya yule mzee.

Sitara ni jambo tukufu katika dini yetu, na mimi sibishani nalo. Mwenye kumstiri Muislamu, Mwenyezi Mungu humstiri. Lakini sitara ni juu ya aibu aliyoifanya mtu baina yake na Mola wake, au jambo la faragha baina ya mke na mume. Si pazia la kumfunika mwenye kudhulumu ili aendelee. Nayo haya si maneno yangu. Fungua Sura ya An-Nisaa, aya ya 148: Mwenyezi Mungu hapendi uovu utangazwe kwa maneno, kisha akamtoa katika katazo hilo mtu mmoja tu, naye ni aliyedhulumiwa. Tena iko sura nzima katika Qur'ani iliyopewa jina kwa ajili ya mwanamke aliyekuja kumshitaki mumewe, Al-Mujadila, na mwanzo wake ni kutujulisha kwamba Mwenyezi Mungu amekwisha kuyasikia maneno yake. Bibi huyo ni Khawla bint Tha'laba. Hakuambiwa amefunua sitara.

Na Mtume wetu (S.A.W.) alisikiliza mashtaka hata ya wasioweza kusema. Imepokewa na Abu Daud kwamba aliingia katika bustani ya mtu mmoja katika Ansari, akamkuta ngamia ambaye alipomwona aliguna na machozi yakamtiririka. Mtume akamwendea, akampapasa nyuma ya masikio mpaka akatulia, kisha akauliza huyu ni wa nani. Alipokuja mwenyewe, alimuuliza kama hamchi Mwenyezi Mungu kwa ajili ya mnyama huyu, kwani ngamia amemshtakia kwamba anamtesa kwa njaa na kumchosha. Basi ngamia amesikilizwa bustanini. Je, mke asisikilizwe barazani?

Nataka pia kuieleza ile aya ya 34 ya An-Nisaa, kwa kuwa ndiyo ambayo mume wangu aliijua kwa moyo, na kama sikosei ndiyo peke yake. Aya imetaja kupiga, na mimi siwezi kufanya kama haikutaja. Lakini wanavyuoni tangu zamani wameiwekea mipaka ambayo mume yule hakuisoma: kwamba ni baada ya mawaidha na kutengana malazi, kwamba kusiumize, kusiache alama, kusifike usoni. Ataa bin Abi Rabah, mwanachuoni wa Makka katika zama za Tabiina, yeye aliona kwamba mume asimpige mkewe bali amwonyeshe hasira tu. Na aliyeteremshiwa aya hiyo, je, alifanyaje? Bibi Aisha (R.A.) amesimulia, katika Muslim, kwamba Mtume hakupata kumpiga kwa mkono wake mwanamke wala mtumishi. Basi mwenye kutaka kufuata Sunna, Sunna ni hiyo.

Iko hadithi nyingine niliyoijua baadaye kidogo, na laiti ningesomewa hiyo badala ya utendi. Habiba bint Sahl alikuwa mke wa Thabit bin Qays, sahaba mtukufu, msemaji wa Ansari. Abu Daud amepokea kutoka kwa Bibi Aisha kwamba Thabit alimpiga mkewe akamvunja kiungo. Habiba akaenda kwa Mtume wakati wa Alfajiri. Na katika riwaya ya Imam Malik, Mtume alipotoka kusali alimkuta mlangoni pake gizani, akauliza ni nani huyu. Akasema yeye ni Habiba, na kwamba hawezi tena kuwa pamoja na Thabit. Mtume hakumrudisha nyumbani akasubiri. Hakumuuliza alifanya nini hata akapigwa. Alimwita Thabit. Mahari aliyokuwa amempa mkewe ilikuwa ni bustani mbili. Akaamrishwa azichukue na amwache. Wapokezi wengine hutaja bustani moja, na wengine humpa bibi huyo jina la Jamila, lakini jambo ni hilo hilo. Mwanamke alitoa mitende akachukua nafsi yake, na yote yalimalizika asubuhi moja.

Langu halikumalizika asubuhi moja. Nilitoka baada ya Alfajiri mwaka 1996, nikaenda kwa mjomba, ndugu wa mama yangu, ambaye hakuwa katika vile vikao vya wazee. Aliniuliza neno moja tu: "Mwanangu, una karatasi?" Nikamfungulia juzuu ya Amma. Kwa Kadhi tulikwenda na kurudi miezi saba. Jirani mmoja alitoa ushahidi, mwanamke ambaye kwa miaka yote ile alikuwa akipandisha sauti ya redio kila zogo likianza. Siku ile alisema aliyoyasikia kabla ya kuipandisha. Mwanzo mimi nilikuwa tayari kurudisha mahari yote nijikomboe kwa khului, kanga na dhahabu na kila kitu. Kadhi akakataa. Akasema khului ni kwa mke aliyechoka na mume asiye na kosa. Mke aliyevunjwa mkono hajinunui, ndoa huvunjwa na hakimu kwa madhara. Nikatoka na mahari yangu. Zile kanga niliziacha.

Kwa hiyo, kwa wale dada walioniandikia barua za namna ya kwanza, na hasa yule binti wa kutoka Kwale ambaye barua yake haina jina: yako mambo ambayo kwangu hayakuwepo na sasa yapo. Kenya imetunga sheria ya kuwalinda watu na ukatili wa majumbani mwaka 2015, na mahakama yaweza kumwamuru mume asikukaribie. Tanzania, tangu Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, imeandikwa wazi kwamba hakuna mwenye haki ya kumpiga mwenzi wake. Mahakama ya Kadhi imo ndani ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010. Ukipigwa, nenda hospitali siku ile ile, na polisi wakupe fomu ya P3 ijazwe na daktari. Kisha iweke mahali pasipofunguliwa. Usiseme ni wewe peke yako: uchunguzi wa Serikali wa mwaka 2022 umeonyesha kwamba wanawake 34 katika kila 100 wa Kenya wa umri wa miaka 15 hadi 49 wamepata kupigwa tangu walipotimiza miaka 15. Tembea sokoni uhesabu.

Na kwa mawalii wenye mabinti: Fatima bint Qays alipoposwa na watu wawili akaenda kumtaka shauri Mtume, mmoja aliambiwa ni maskini hana mali, na wa pili, Abu Jahm, kwamba huyo haiweki chini fimbo yake. Akashauriwa amwolewe mwingine, Usama. Mtume aliitaja aibu ya mtu kwa jina lake, kwa sababu binti alikuwa akitaka kuingia nyumbani mwake. Sisi kwetu anapokuja mposaji twauliza ana duka wapi.

Nimeandika mengi kuliko nilivyokusudia. Habari nilizokuwa nimewaahidi za mkomafi, mti ambao tunda lake ni kubwa kama kichwa cha mtoto na mbegu zake zimebanana ndani hata ukizitoa huwezi kuzirudisha zilivyokuwa, nitazileta mara ijayo inshallah. Wenye kukaa karibu na hori wanitafutie moja lililopevuka. Haya nilionayo mimi yote yamepasuka.

Wabillahi t-tawfiq.